Yaliyobaki Chini ya Jina Langu

Buyangu, Kakamega
Jumatatu, 14 Oktoba 1996

Kwa Bwana Abdulmalik Hassan,

Natumaini barua hii itakukuta ukiwa na afya, na karakana yako ikiwa na kazi. Mimi ni Zilpah Khalayi, mwanafunzi wa kidato cha pili. Hunijui, lakini ulimjua mama yangu, Rosebella, mpiga chapa wa ofisi ya utafiti wa msitu hapa Buyangu. Wewe ndiye uliyeleta kompyuta ya ofisi kutoka Nairobi miaka mitatu iliyopita, ukakaa siku nne ukimfundisha kuitumia. Alikuwa akikutaja kama kaka yake wa Mumias. Anwani yako nimeinakili kutoka kwenye karatasi uliyoibandika ubavuni mwa mashine.

Mama alifariki tarehe kumi na sita Septemba. Alikuwa ameugua mwaka mzima. Tulimzika Chekalini, kwao baba, ambaye naye alitangulia mwaka wa tisini na tatu.

Sasa nieleze shida yangu. Mwezi wa Agosti Mama alikuwa akibaki ofisini baada ya kazi mpaka jenereta izimwe. Aliniambia, "Nawaandikia wewe na Cindy. Nimeanza na la Cindy, atakaa wapi na nani, maana ndilo watu watakalogombania. Nikienda, mwambie Mama Isaiah akutolee karatasi." Cindy ni mdogo wangu, ana miaka minne. Kwa sasa yuko Khwisero kwa nyanya mzaa mama. Mimi ninaishi kwa Mama Isaiah, aliyefanya kazi na Mama, mpaka muhula uishe, kisha nitakwenda huko huko Khwisero.

Siku ya kunyoa nywele baada ya mazishi, baba mdogo Wangila alisema mtoto wa ndugu yake hawezi kulelewa nje ya boma. Nyanya alisema mtoto wa kike wa miaka minne hatenganishwi na dada yake. Wazee wakaahirisha. Mmoja wao akasema, "Kama marehemu aliacha neno, lileteni tulisikie."

Nilirudi mbio kulileta neno hilo. Halipo. Mama Isaiah ameyafuta maandishi yote ya Mama kwenye mashine. Je, kuna njia ya kuyarudisha?

Uniwie radhi kwa wino hafifu. Mama alinifundisha kupiga chapa nikiwa darasa la saba, na alisema mtu usiyemzoea umwandikie kwa chapa, ndiyo heshima. Mwalimu wangu wa Kiswahili amenisahihishia makosa. Nakala nimeiweka, kama alivyonifundisha.

Wako mtiifu,
Zilpah Khalayi


Buyangu
Jumatatu, 21 Oktoba 1996

Kwa Bwana Abdulmalik,

Sijapata jibu lako, na najua posta ina mwendo wake. Nakuandikia tena kwa sababu wazee wameleta tarehe. Kikao ni Jumamosi, tarehe kumi na nne Desemba, Khwisero kwa nyanya.

Pia nimefikiri kwamba fundi hawezi kutibu kitu asichojua kiliumiaje, kwa hiyo nimemuuliza Mama Isaiah tena, polepole, naye amenieleza. Naandika maneno yake kama alivyoyasema.

"Zilpah, mimi sikufanya kwa ubaya. Nilitoka matangani, nikasafisha meza yake. Kikombe na shuka nikampelekea nyanya yako, si uliona? Sasa nikiwasha mashine asubuhi, jina lake linawaka. ROSE. Kila siku ROSE. Wewe unajua kwetu mtu akienda tunanyoa, tunafagia, tunatoa vitu vyake alale. Jina la mtu haliachwanga likiita watu kazini. Basi nikafanya vile yeye mwenyewe alinifundisha kufuta. Mashine ikaniuliza kama nina hakika. Nikasema ndiyo. Hata nililia nikisema ndiyo."

Nikamuuliza kama aliyasoma kwanza. Akasema, "Barua ya mtu na watoto wake, niisome mimi nani?"

Sikuweza kumkasirikia. Jioni hiyo alinipikia kuku, ingokho, kana kwamba mimi ni mgeni, na hakuna kati yetu aliyemaliza kipande chake.

Jambo jingine ambalo huenda likakusaidia: mashine hii imejaa. Mwezi wa Julai Mama alilalamika kwamba hesabu za miti na ndege zimejaza kila mahali, na akipiga chapa ukurasa mmoja anaambiwa hakuna nafasi mpaka aondoe kitu. Sasa haisemi hivyo tena.

Naomba unijibu hata kama jibu ni hapana. Nikijua mapema, nitajua namna ya kusimama mbele ya wazee.

Wako mtiifu,
Zilpah Khalayi


Nairobi
22 Oktoba 1996

Binti yangu Zilpah,

Salamu nyingi. Barua yako ya tarehe 14 imenifikia leo asubuhi, nikaisoma nikiwa nimesimama mlangoni, wateja wakinisubiri. Inna lillahi wa inna ilaihi rajiun. Sikuwa na habari. Siku zile nne Rosebella alinipikia bila kuniacha nile hotelini hata mara moja, na aliuliza maswali kuliko wanafunzi wangu wote wa Nairobi. Mola ampe pumziko. Kama aliniita kaka, basi mimi ni mjomba wako, na mambo ya Bwana fulani tuyaache.

Neno la kwanza: zimeni mashine. Msiiwashe tena mpaka nitakapowaambia.

Neno la pili: usikate tamaa. Nitakueleza kwa nini.

Ndani ya kompyuta kuna kisanduku cha chuma, kinaenea kwenye kiganja cha mtu mwenye mkono mkubwa. Hicho ndicho diski. Humo kuna sahani zinazong'aa, zinazunguka mara elfu tatu na mia sita kwa dakika moja, na maandishi yamewekwa juu yake kwa sumaku, katika duara moja ndani ya jingine, kama mistari ya miwa ingekuwa inazunguka kilima. Kila duara limekatwa mafungu yaliyo sawa. Kisha kuna orodha moja inayosema maandishi fulani yako fungu la ngapi.

Sasa, mtu akifuta, mashine haiendi kuyang'oa maandishi. Ni mvivu kuliko tunavyodhani. Inaenda kwenye orodha, inaondoa herufi ya kwanza tu ya jina, na inaandika kwamba mafungu yale sasa hayana mwenyewe. Maneno yenyewe yanabaki palepale yalipokuwa, hayaguswi mpaka kitu kingine kiandikwe juu yake. Kwa hiyo msiingize kazi yoyote ya ofisi. Kama hamjaingiza, nina imani kubwa, inshallah.

Binti yangu mkubwa, Swafia, yuko kidato cha kwanza. Nimemsomea barua yako. Anakupa pole.

Mjomba wako,
Abdulmalik


Buyangu
Jumanne, 29 Oktoba 1996

Mpendwa Mjomba,

Asante kwa kuniruhusu nikuite hivyo. Barua yako niliisoma mara tatu njiani, kisha nikamsomea Mama Isaiah, akakaa chini sakafuni akafunika uso kwa leso. Halafu akasema, "Kwa hivyo bado yuko ndani?" Nikamwambia maneno yake bado yako ndani. Akasema hiyo ndiyo alimaanisha.

Tumetii. Mashine imezimwa, waya umechomolewa ukutani, na Mama Isaiah amefunika yote kwa kitambaa cha meza. Meneja alipotaka kuiwasha aangalie hesabu za vyura, Mama Isaiah alimwambia, "Utapitia juu yangu kwanza." Meneja ni mtu mpole. Alirudi kwenye daftari.

Kuhusu kazi ya ofisi, nakuhakikishia hakuna. Tangu tulipomzika Mama hakuna aliyeingiza hesabu hata moja, kwa sababu Mama Isaiah anajua kusoma na kufuta lakini hana mwendo wa kupiga chapa, na mwingine hajaajiriwa. Nimeuliza mlinzi, nimeuliza meneja, nimeuliza na Chrispinus, dereva wa mradi. Wote wamesema hakuna.

Niliandika maelezo yako ya sahani katika daftari langu la fizikia. Mwalimu aliyaona, akauliza niliyatoa kitabu gani. Nilisema yametoka kwa mjomba wangu.

Uniwie radhi kwa mwandiko wangu. Ni mara ya kwanza nakuandikia kwa kalamu.

Mpwa wako,
Zilpah


Nairobi
6 Novemba 1996

Mpwa wangu Zilpah,

Vizuri sana. Mwandiko wako hauna kosa lolote, na barua yako ya pili pia ilifika. Sasa tuitoe diski.

Mwambie Mama Isaiah akushikie tochi. Fungua skrubu nne za nyuma, vuta bati la juu kuelekea kwako. Utaona kisanduku nilichokueleza kimeshikwa na skrubu nyingine nne, mbili kila upande. Kina mkia wa waya mpana kama utepe na mkia mwingine wa nyaya nne za rangi. Chomoa yote miwili kwa kushika vichwa vyake, usivute waya. Kabla hujagusa chochote, shika chuma cha dirisha kwanza, ili umeme ulio mwilini mwako utoke.

Usikifungue kisanduku chenyewe, hata ukitamani. Ndani kuna kichwa cha kusomea ambacho hakigusi sahani; kinaelea juu ya upepo wake, kwa nafasi nyembamba kuliko moshi. Chembe moja ya vumbi ikiingia hapo inakuwa kama jiwe barabarani. Kichwa kikigusa sahani utasikia mkwaruzo, na mashine haitawaka tena, na hapo hata mimi siwezi kitu. Kwa hiyo kisianguke, kisitikiswe, kisikae karibu na spika ya redio.

Kifunge kwa nguo ya pamba. Mpe dereva huyo wa mradi, mwambie akiweke mapajani.

Umesema wazee wanataka neno la marehemu. Diski pia huweka tarehe na saa ya kila maandishi. Mtu akisema yameandikwa baada ya mazishi, nitatia sahihi yangu kwamba sivyo.

Mjomba wako,
Abdulmalik


Buyangu
Jumatatu, 18 Novemba 1996

Mpendwa Mjomba,

Chrispinus anaondoka kesho alfajiri na barua hii na diski. Nilishika chuma cha dirisha kwanza. Skrubu moja ilikataa, Mama Isaiah akaifungua kwa kisu cha mboga. Tumeifunga kwa blauzi ya Mama ya pamba, kisha kwa taulo, kisha kwenye kikapu. Chrispinus alipoiona alisema, "Kitu ndogo hivi ndiyo mnabembeleza kama mtoto mchanga? Mimi nimebebanga ingokho zilizo na kelele kuliko hii." Mama Isaiah akamwambia akiiweka chini hata kidogo asirudi Buyangu, atafute kazi huko huko. Akacheka, kisha akanawa mikono kabla ya kuipokea. Niliona.

Jumamosi nilikwenda Khwisero kumwona Cindy. Baba mdogo Wangila alikuwa amefika pia, ameleta mahindi. Si mtu mbaya, Mjomba. Nataka ujue hivyo. Baba alipokufa yeye ndiye aliyechimba kaburi kwa mikono yake. Nilimwambia kwamba maneno ya Mama yatapatikana.

Akasema, "Yako wapi hayo maneno?"

"Kwenye kompyuta. Yanapelekwa Nairobi kwa fundi."

"Basi fundi akishaipata hiyo kompyuta, aiambie ije ilime, ije ipike, ije ilee mtoto. Mimi niko na ng'ombe watatu na bibi mzima. Nyanya yako ana miaka sabini. Akienda yeye, mtoto ataenda wapi? Kwa printa?"

Nyanya akasema, "Wangila, chai yako inapoa."

Akanywa. Lakini alipokuwa akiondoka aliniita kando, akasema kwa sauti ya chini, "Kama aliandika kwamba hataki aje kwangu, nitasikia. Mimi si mnyama. Lakini nisikie yeye, si wewe."

Ndiyo maana, Mjomba, nahitaji asikie yeye.

Cindy amejifunza kuandika C. Anaiandika kila mahali, hata kwenye mgongo wa mbuzi kwa mkaa. Usiku nikilala naye hunishika kidole gumba na hakiachi.

Mpwa wako,
Zilpah


Nairobi
27 Novemba 1996

Zilpah,

Diski ilifika salama. Nasikitika kukuambia kwamba nimeshindwa. Kichwa kiligusa sahani, na sehemu yenye maandishi ya Mama yako imekwaruzika. Uharibifu huu ni wa zamani, labda tangu Septemba. Vitu hivi hufa bila sababu.

Hakuna wa kulaumiwa. Mwambie hivyo Mama Isaiah, na dereva pia.

Nakuombea kheri katika masomo na katika kikao.

A. Hassan


Buyangu
Jumatatu, 2 Desemba 1996

Mpendwa Mjomba,

Nimepokea barua yako. Nilimwambia Mama Isaiah na Chrispinus ulivyosema, kwamba hakuna wa kulaumiwa.

Lakini tangu Ijumaa nimekuwa nikisoma barua zako zote kwa mpangilio, kama tunavyofundishwa kusoma ushahidi katika somo la historia, na kuna jambo halikai. Tarehe sita Novemba uliandika kwamba kichwa kikigusa sahani mashine haitawaka tena. Mashine ilikuwa ikiwaka. Iliwaka tarehe kumi na nne Oktoba na iliwaka tarehe ishirini na moja, bila mkwaruzo wowote. Najua kwa sababu nilikuwa nimeketi mbele yake. Ndizo siku nilizokupigia chapa barua zangu mbili za kwanza.

Tarehe ishirini na mbili Oktoba uliandika kwamba maneno hayaguswi mpaka kitu kingine kiandikwe juu yake, na ukasema tusiingize kazi ya ofisi. Nilikujibu kwamba hakuna kazi ya ofisi iliyoingia. Niliuliza kila mtu. Sikujiuliza mimi, kwa sababu barua si kazi ya ofisi.

Mashine ilikuwa imejaa. Mahali pekee palipokuwa wazi ni pale Mama alipofutwa. Na mimi niliweka nakala za barua zangu, zote mbili, kama nilivyofundishwa.

Je, ni mimi?

Naomba uniambie kweli. Baada ya siku kumi na mbili nitasimama mbele ya wazee bila kitu, na siku moja Cindy ataniuliza sababu. Sitaki kumwambia kwamba ni vumbi.

Mpwa wako,
Zilpah


Nairobi
Jumamosi, 7 Desemba 1996

Mpwa wangu,

Ndiyo.

Nimeliandika na kulichana neno hilo mara nne kabla ya kulituma, na kila nilivyolirefusha lilizidi kuwa uongo. Kwa hiyo liwe hivyo hivyo, fupi. Sasa nisikilize hadi mwisho, maana lipo pia la kwangu.

Diski yako ni nzima. Haina hata mkwaruzo. Nilipoisoma kwenye mashine yangu, mahali palipokuwa na maandishi ya Rosebella nilikuta maneno haya: "Kwa Bwana Abdulmalik Hassan, natumaini barua hii itakukuta ukiwa na afya." Niliinuka kwenye kiti nikatoka nje.

Mimi ni fundi kwa miaka kumi na minne sasa. Barua yako ya kwanza nilipoishika, niliona nukta za printa. Mtoto akiziona hawezi kujua ni nini, lakini mimi ni kazi yangu. Niliona umetaja mwalimu wako, nikadhani umeipigia shuleni, nikasifu unadhifu wako moyoni, na sikuuliza swali moja la kipumbavu: mashine gani? Hata ulipoandika kwamba ni mara ya kwanza kutumia kalamu, niliisoma nikapita. Na ningekuwa nimekutumia telegramu siku ile ile badala ya barua yenye hadithi za sahani na miwa, hata hivyo ungekuwa umeshaandika ya pili siku moja kabla. Nimehesabu. Lakini ya kwanza na ya pili zote ziliandikwa kwangu. Wewe ulikuwa ukiomba msaada, Zilpah. Hukuwa na kosa ambalo mtu mzima yeyote hangelifanya. Nilikudanganya kwa sababu nilikuonea huruma, na pia kwa sababu nilijionea aibu. Swafia aliisoma barua yako ya mwisho kabla yangu. Tangu jana ananiwekea chakula mezani na kuondoka.

Sasa sikiliza la pili, ambalo nililiona baada ya kukuandikia uongo, nikakosa ujasiri wa kuurekebisha.

Nilikueleza kwamba diski imekatwa mafungu yaliyo sawa. Sikukueleza kwamba mashine haitoi nusu fungu. Ukiandika ukurasa mmoja na robo, unapewa mafungu mawili kamili, na barua yako ikiishia katikati ya la pili, sehemu iliyobaki haiguswi. Inabaki na maneno ya aliyekuwapo kabla. Maandishi ya mama yako yalikuwa mafungu manne. Barua zako mbili zilichukua hayo hayo manne. Mwanzo wake wote umefunikwa, siwezi kukudanganya tena. Lile la Cindy kukaa wapi halipo, na hakuna fundi duniani atakayelipata. Lakini chini ya jina lako, mahali barua yako inapokoma, Rosebella anaendelea. Ni mara mbili tu. Nimenakili kwa mkono wangu, sikuongeza wala kupunguza nukta, hata alipoandika obusuma sikuweka ugali.

Chini ya barua ya tarehe 14 Oktoba, baada ya "Wako mtiifu, Zilpah Khalayi":

"nyamaza naye tu mpaka aache mwenyewe. Ukimshika kwa nguvu ndiyo anazidi kulia. Obusuma asipewe ikiwa moto, mmegee vipande viwekwe kando vipoe, halafu atakula zote. Mboga chungu hali, msimshindilie, hata mimi nilikuwa hivyo na nyanya yenu anajua. Akiumwa hasemi, anakwenda kukaa nyuma ya mlango, basi ukimkosa mtafute hapo. Zilpah, wewe usiache masomo kwa ajili ya"

Chini ya barua ya tarehe 21 Oktoba, baada ya jina lako:

"sikio la kushoto. Niligundua wakati wa Pasaka, nikamjaribu mara nyingi. Daktari bado hajamwona, nilikuwa kitandani. Ukimwita upande huo hageuki, na watu watasema ni mkaidi. Si ukaidi, hasikii. Mtu asimame kulia kwake na aseme kama kawaida, hakuna haja ya kupiga kelele. Nimechoka, jenereta inazimwa sasa. Kesho nitaandika ya baba yenu."

Hapo ndipo mwisho. Diski inaonyesha aliyaweka tarehe thelathini Agosti, saa moja kasoro dakika tano jioni. Hiyo kesho hakuiandika.

Nampa Chrispinus barua hii mkononi, na karatasi nyingine yenye sahihi yangu na muhuri wa karakana kwa ajili ya wazee. Uisome wewe kwanza, ukiwa na mtu karibu.

Mjomba wako, ukinikubalia bado,
Abdulmalik


Khwisero
Jumatatu, 16 Desemba 1996

Mpendwa Mjomba,

Nakukubalia. Naanza na hilo ili usilitafute chini.

Chrispinus aliileta barua Jumatano. Nilimwomba Mama Isaiah akae nami, nikaisoma kwa sauti, na nilipofika pale Mama anaposema nyamaza naye tu, Mama Isaiah alitoka nje akazunguka ofisi mara mbili. Aliporudi alisema, "Ni yeye. Hivyo ndivyo alikuwa anaongea." Kisha akanivuta kifuani, akasema tumemfuta wawili, mimi na yeye, kwa heshima yetu. Sikuwa nimelia tangu mazishi.

Jumamosi walikuja wazee sita. Baba mdogo alikuja na mkewe, Mama Wanjala. Nilisimama nikawaeleza yote, hata lile la kwamba neno la Cindy kukaa wapi lilikuwapo na mimi ndiye niliyelifunika. Nilifikiri mtu atacheka. Hakuna aliyecheka. Mzee mmoja aliuliza, "Ulilifunika kwa nini?" Nikasema, "Kwa kuandika barua ya kulitafuta." Akatikisa kichwa kwa muda mrefu.

Kisha nikasoma vipande viwili. Baba mdogo alivua kofia nilipoanza na hakuivaa mpaka nilipomaliza.

Niliposoma la sikio, nyanya alisema, "Hapana. Mtoto huyu anasikia, ila ana kiburi." Cindy alikuwa kwenye majani akichora C yake kwa kijiti. Baba mdogo aliinuka, akaenda nyuma yake upande wa kushoto, akaita kwa sauti ya kawaida, "Cindy." Akaita tena. Mtoto anachora tu. Akaita kwa nguvu mpaka kuku wakakimbia. Kisha akazunguka upande wa kulia akasema polepole, "Cindy, mama," naye akainua uso akatabasamu.

Mama Wanjala aliweka mkono mdomoni. Akasema, "Agosti alipokuwa kwetu nilimchapa. Nilimwita mara tatu akanipa mgongo. Nilimchapa kwa fimbo ya ng'ombe." Alisema hivyo mbele ya wazee wote, hakuna aliyemlazimisha.

Nilidhani hapo wataniachia Cindy. Nakwambia kweli, Mjomba, kwa dakika chache niliamini. Lakini wazee walizungumza, na mwisho wakasema kwamba marehemu ameeleza mtoto aangaliwe namna gani, hakueleza aangaliwe wapi, na pasipo neno lake watafuata desturi. Cindy ni wa Chekalini. Mimi nitakaa na nyanya hadi nimalize kidato cha nne, na likizo moja kwa mwaka nitakwenda kumwona. Nyanya hakupinga. Aliinuka kwa kuegemea bega langu, nami niliona kwamba baba mdogo alisema kweli juu ya miaka yake. Bado nilimchukia kwa muda wa jioni nzima.

Jana baada ya kanisa ndipo walipomchukua. Mama Wanjala hasomi vizuri, kwa hiyo aliniomba nimsomee karatasi tena, pole pole. Aliirudia neno kwa neno kama watoto wanavyokariri, obusuma ipoe, nyuma ya mlango, mboga chungu asishindiliwe. Alipokosea alisema, "Ngoja, rudia hapo." Tulirudia mara nne. Halafu nilimpa karatasi akaikunja akaitia kifuani, na mimi nikabaki na barua yako.

Cindy hakulia. Alidhani ni matembezi. Nilisimama kwenye ua nikiwaangalia wakishuka njia ya miwa, baba mdogo mbele na mfuko wa nguo, Mama Wanjala amemshika Cindy mkono wa kushoto. Walipofika kwenye daraja la mbao, Mama Wanjala alisimama. Aliuachia mkono ule, akazunguka nyuma ya mtoto, akamshika wa kulia. Akainama akamwambia jambo, sikulisikia, nilikuwa mbali.

Niliona tu Cindy akimjibu.

Mpwa wako,
Zilpah